Punje ya Wali na Jumatano Isiyokwisha

Hapo zamani, katika mji wa Shungumeli, palikuwa na Sultani aitwaye Zahidi, aliyejenga chuo cha kusomea sihiri ya wakati. Kazi ya chuo hicho ilikuwa kutafuta namna ya kuirudisha siku iliyopita. Wanavyuoni arobaini, wakiongozwa na Maalim Nadhiri, waliitafuta kwa muda wa miaka kumi na miwili, na katika miaka yote hiyo hawakurudisha hata alasiri moja, ila walinenepa wote, na hayo nayo ni mabadiliko yaletwayo na wakati.

Katikati ya ukumbi wa chuo palikuwa na beseni la maji, na juu ya maji likielea bakuli la shaba lenye tundu chini, la kupita sindano. Maji yaliingia polepole, na kila bakuli lilipozama, saa moja ilikuwa imetimia. Likizama mara ishirini na nne, jua likichwa, siwa, yaani baragumu la chuo, hupigwa, na siku ikawa imekwisha. Tena Sultani alikuwa ametoa amri kwamba jumbani mwake siku haiishi mpaka siwa ya chuo ipigwe, na anayebisha achapwe bakora. Wanavyuoni walihesabu. Kuliinua bakuli, kulimwaga na kulirudisha majini ilikuwa kazi ya mfagizi, maana majoho yao yalikuwa ya hariri na mikono yake mirefu, na mwanachuoni aliyelowa alihesabiwa amejishusha. Mfagizi huyo aliitwa Vuai, maskini asiye na kitu ila ufagio, na ufagio wenyewe ulikuwa wa chuo. Alilala kando ya beseni, akiamshwa kila saa na mlio wa shaba ikigonga chini.

Basi ikawa Jumatatu moja, sikukuu ya kutawazwa kwa Sultani, watu wakapita chini ya dirisha lake kutwa nzima wakimsifu, naye amelala, kwa sababu ya karamu aliyoila mno. Alipoamka, siku imekwisha. Jumanne akahuzunika, na Jumatano alasiri akaja chuoni mwenyewe, akasema anaitaka Jumatatu yake.

Maalim Nadhiri akainama, akaeleza kwa maneno mengi kwamba Jumatatu ilikuwa njiani kurudi, imefika mlangoni hasa, ila asubuhi ile mfagizi alilifagia duara la chokaa lililochorwa kuipokea. Wale thelathini na tisa wakatikisa vichwa kwa masikitiko. Hakuna aliyekumbuka duara lolote, Maalim Nadhiri akiwemo.

Sultani akamgeukia Vuai. "Wewe ndiwe uliyeifagia siku yangu?"

"Maulana, nilifagia maganda ya ndizi na mifupa ya kuku. Kama Jumatatu yako ilikuwamo, sikuitambua."

"Basi utairudisha. Nataka siku yangu moja niliyoipoteza, niipate kabla siwa ya leo haijapigwa. Ikipigwa nami sina kitu, nitakikata kichwa chako."

"Nimesikia, Maulana. Siku moja. Na mpaka siwa ipigwe, kichwa ni changu?"

"Ni chako," akasema Sultani, "nami neno langu siligeuzi."

Vuai akarejea kwenye beseni. Saa kumi na moja ya jioni bakuli likazama mara ya ishirini na tatu. Akaliinua, akalimwaga. Pembeni palikuwa na sinia la pilau la wanavyuoni. Akatwaa punje moja ya wali, akaishindilia tunduni kwa kidole gumba, kisha akalirudisha bakuli majini kwa adabu zake zote. Punje ikanywa maji, ikavimba, na bakuli likaelea kama bata aliyeshiba.

Jua likachwa. Muadhini akaadhini, maana yeye aliangalia jua, hakuwa amesoma. Wanavyuoni wakaangalia bakuli, wakaona saa bado. Ingetosha mmoja wao atie mkono majini, lakini mfagizi alikuwapo, na mfagizi alisema bakuli liko sawa, linaelea. Wakaleta vitabu. Kukapambazuka, sokoni watu wakawa katika Alhamisi yao, na jumbani ikawa Jumatano. Maalim Nadhiri akaandika kwamba lile ni jua la pili la siku ileile, akaomba chuo kiongezewe mbuzi kwa ugunduzi huo.

Huko jumbani Sultani alikuwa ameagiza chakula cha jioni, na mpishi wake, Bi Msimu, akajibu kwamba cha jioni huandaliwa baada ya siwa. Jua lilipochomoza akaagiza cha asubuhi.

"Cha asubuhi ya Jumatano ulikwisha kula, Maulana. Mikate ya mofa minane, na maini."

"Na cha mchana?"

"Nacho ulikula, ukaongezewa. Amri yako nimeitundika hapo juu ya jiko. Mimi mgongo wangu hauwezi bakora."

Basi jua likielekea kuchwa mara ya pili, Sultani akaja chuoni ameshika tumbo, akataka siku imalizwe. Maalim Nadhiri akasema jambo hilo lawezekana, apewe miaka saba.

"Vuai, baba," akasema Sultani kwa sauti ndogo, "Jumatano hii itakwisha lini?"

"Umeichoka, Maulana? Ndiyo uliyoniagiza. Ulipoteza siku, nayo siku ni usiku mmoja na mchana mmoja. Tangu magharibi iliyopita nimekutilia usiku mmoja na mchana mmoja ndani ya Jumatano yako, na siwa haijapigwa. Nimechelewa?"

Sultani akahesabu kwa vidole, akaona hesabu imetimia. "Lakini ile ilikuwa na watu wa kunisifu."

"Uliniagiza siku, Maulana, watu hukuniagiza. Na hii, angalau, umekaa macho."

Sultani akacheka mpaka akaketi chini, akauliza ni sihiri gani. Vuai akakunja mkono wa kanzu yake kuukuu, akaliinua bakuli, akaichokoa punje kwa njiti ya ufagio, akaiweka kiganjani mwa Sultani. Sultani akaitazama, na kwa kuwa alikuwa na njaa, akaila.

Bakuli likarudishwa majini, likazama, siwa ikapigwa, na Bi Msimu akapakua. Wanavyuoni wakaamriwa wakate mikono ya majoho yao mpaka kwenye viwiko, waliinue bakuli kwa zamu na kufagia maganda yao. Vuai alipoulizwa anataka nini, akasema anataka kulala usiku na mchana pasipo kuamshwa na bakuli, wala mtu asije baadaye kumdai siku hiyo. Akapewa, pamoja na nyumba ya kulalia.

Wanavyuoni nao wakaandika kitabu cha namna walivyoisimamisha Jumatano. Kina kurasa mia tatu, na punje ya wali haimo hata moja.

Siwa imekwisha pigwa, na hekaya imezama. Atakaye iendelee, atie mkono majini mwenyewe.