Neno la Kakakuona Lavuka Mto

Paukwa!

— Pakawa!

Mnaitikia kama mna mafua. Paukwa!

— PAKAWA!

Haya. Sasa mmeamka.

Hapo zamani za kale, Mama Muhanga alikuwa na mimba pevu na hakuwa na shimo. Masika yako mlangoni, mbingu imevimba. Akapatana na Ngiri. Muhanga achimbe ng'ambo ya mto, nchi ya Mzee Nyati, kwenye udongo mzuri. Ngiri alinde mlango kwa meno yake marefu. Chumba cha ndani cha Muhanga, cha nje cha Ngiri. Tukigombana, wakasema, ataamua Kakakuona wa upande huu, asiye ndugu wa yeyote.

Muhanga akachimba. Kwaru! Kwaru! Kwaru! Kucha zikalika. Siku ya kuhamia, Ngiri huyo, kajitandaza chumba cha ndani.

"Dada, wewe lala hapo nje. Ngozi yako nene."

"Hapo nje maji yanaingia! Nizae mtoto au nizae kambare?"

Wakaenda kwa Kakakuona. Akawasikiliza wote wawili, akasema, "Cha ndani ni cha Muhanga. Nimemaliza."

Ngiri akageuka, mkia juu, chubwi! mtoni, mpaka ng'ambo. Akapiga kelele, "Neno la Kakakuona halivuki mto! Lina miguu?"

Muhanga akavuka, tumbo linamtangulia. Akaenda moja kwa moja kwa Nyati. Matone yakaanza: to! to!

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba. Sema upesi, hali yako naiona."

Akasema. Ngiri akaitwa, akaja analia. Machozi ya ngiri, wajukuu zangu, msiyafute, mtalowa bure.

"Mzee, tuanze kesi upya. Mwenye nchi ni wewe. Kakakuona ni nani hapa?"

"Mlimchagua wenyewe?"

"Tulimchagua. Lakini hakunipa nafasi ya kusema!"

Ngiri akiaminiwa, mtoto atazaliwa kwenye tope.

"Hukusema hata neno moja?" Nyati akauliza.

"Hata moja! Nimesema tangu asubuhi mpaka koo likakauka, nikamleta na shangazi yangu ashuhudie, na bado kanikatalia!"

Kisha ndege aliyekaa mgongoni mwa Nyati akacheka, kwi kwi kwi!

Nyati akashusha pumzi, fuuu. "Ningekuwa mimi, ningewapa chumba kwa zamu. Lakini hamkunichagua mimi. Mlimchagua yeye, akawasikiliza, akaamua mlilomuuliza, na neno lake halivunji mwiko wetu. Nikilitupa leo, watu wangu wakishinda kesi hapa kesho, nani kule atawasikia? Ngiri, hama."

"Mzee, na mvua hii?"

"Ndiyo maana nasema hama sasa."

Nyati akawasindikiza mwenyewe. Ngiri akatoka, akajisukuma chumba cha nje kinyumenyume, ananung'unika. Mvua ikashuka, shwaaa! Maji yakamfika magotini. Huko ndani, pakavu. Muhanga akanyoosha mgongo. Mara sauti nyembamba: ng'ii!

"Dada," Ngiri akaita, "mmepata nini huko?"

"Mtoto. Linda mlango."

Basi, ukimchagua mwamuzi, likubali neno lake hata likikuuma. Na haki iliyoamuliwa vizuri ng'ambo, ikifika kwako, ifungulie mlango.

Hadithi yangu imeishia hapo. Anayetaka ianze upya, akamwombe Nyati.