Siku Msitu Ulipoitikia Baragumu

Paukwa!

Pakawa!

Hiyo si kuitika, hiyo ni miayo. Paukwa!

Pakawa!

Haya, sasa tunasikilizana. Na wewe mwenye muhogo, tafuna polepole, mimi sishindani na meno ya mtu.

Hapo zamani za kale, milimani Upare, alikuwako mtu aitwaye Sekiete. Kazi yake ilikuwa kupiga baragumu. Kijiji kikitaka msaragambo, yaani ile kazi ya watu wote kwa pamoja, kama kuzibua mfereji au kulima njia, Sekiete alipuliza pembe yake na watu wakatoka. Sheria ilikuwa fupi, hata mbuzi waliijua: aliyelisikia baragumu aje, aliyekuja ale, aliyekula asiondoke kazi haijaisha.

Mkewe aliitwa Nakunda. Alikuwa na shamba la mahindi chini ya ndiva, lile bwawa la kijiji lililopokea maji ya chemchemi ya msituni. Mwaka ule mvua ziligoma. Mahindi yalikuwa yanatoa mbelewele, na jioni hii ninayoisimulia, zamu ya Nakunda ya maji ilikuwa kesho yake. Akikosa maji siku hiyo, watoto wake watano wangekula nini? Wangekula hakuna, kwa mboga ya hakuna.

Lakini Sekiete, badala ya kumfikiria mkewe, alikuwa akiutazama msitu ulio juu ya kijiji.

"Mama Mbonea," akasema, "pale juu pakifyekwa, tutapata shamba mara kumi ya hili."

"Baba Mbonea, pale ni msitu."

"Ndiyo maana nimesema pakifyekwa."

"Wazee umewauliza?"

"Wazee watalisikia baragumu kama watu wengine."

Asubuhi akapanda mlimani, na hapo ndipo alipoharibu. Siku zote baragumu lilipigwa kijijini, mpigaji akizielekea nyumba. Yeye, kwa kiherehere chake, akaenda kulipigia katikati ya msitu. Puuu! Puuu! Puuu!

Wa kwanza kufika alikuwa Nyani, amebeba jembe begani.

"Jembe hilo umelitoa wapi?" Sekiete akauliza.

"Ni lako, la mwaka juzi. Lete kazi bwana, usinichunguze."

Mara ardhi ikatikisika. Sekiete akageuka, akamwona Bibi Mkuyu, mti mkubwa kuliko yote, anang'oa mizizi yake mmoja mmoja kama mtu anayevua viatu vya kubana. Nyuma yake msitu mzima umepanga foleni.

"Tumeitika," akasema Bibi Mkuyu. "Kazi gani?"

Sekiete akarudi nyuma hatua moja. Halafu akajikaza. "Ku... kufyeka msitu, bibi."

"Msitu si ndio sisi?"

"Ndio ninyi."

Miti ikanong'onezana. Mmoja akataka kubisha, Bibi Mkuyu akamkata kauli: "Sheria ni sheria." Akatazama nyuma walikokuwa wamesimama tangu enzi, peupe kabisa. "Basi tumetoka wote, pamefyekwa. Chakula kiko wapi?"

Jamani! Sekiete aliruka kwa furaha. Hata hakujiuliza miti hula nini.

Miti ikateremka kijijini, kishindo juu ya kishindo. Nakunda akatoka jikoni na mwiko mkononi.

"Baba Mbonea, wageni gani hawa?"

"Wafanyakazi. Wape makande."

Bibi Mkuyu akayanusa makande. "Mama, Mungu akubariki, ila sisi hatutafuni." Akatumbukiza mizizi kwenye ndiva, na wenzake wakatumbukiza. Wakanywa. Wakanywa. Wakanywa, mpaka vyura wakabaki kwenye tope wakitazamana. Kule juu chemchemi ikakosa wa kuitunza, ikakauka. Mawingu yakakosa pa kukaa, yakahamia Uchagani bila kuaga.

Sekiete naye, na Nyani, wakayamaliza makande.

"Sasa nendeni," Sekiete akaiambia miti.

"Twende wapi? Kwetu si pamefyekwa?"

Mti mmoja ukajilaza kitandani kwa Sekiete. Wa pili ukasimama mlangoni. Wa tatu ukaanza kumhoji mama mkwe wa Sekiete habari za ndoa.

Nakunda akakimbilia shambani. Majani ya mahindi yalikuwa yamejikunja. Akakaa chini, akalia kwa uchungu, na hapa sifanyi mzaha, maana shamba lile alililima peke yake. Alipokwisha kulia akarudi nyumbani, akalivua baragumu shingoni mwa mumewe.

"Mwanamke hapigi baragumu!" Sekiete akafoka.

"Na mti hulala kitandani?"

Puuu! Puuu! Puuu!

Miti yote ikasimama wima. "Tumeitika. Kazi gani?"

"Kupanda msitu," akasema Nakunda. "Pale pale mlipotoka. Kila mmoja ajipande mwenyewe."

"Na chakula?"

"Mmekwisha kunywa ndiva nzima! Kwa hiyo hakuna kuondoka kazi haijaisha."

Bibi Mkuyu akacheka mpaka majani yakapukutika. "Huyu ndiye anayeijua sheria."

Wakapanda mlimani, huku wakigombana nani asimame karibu na nani. Siku ya tatu mawingu yakarudi kutoka Uchagani, yamenenepa, na chemchemi ikafungua jicho. Nusu ya mahindi ya Nakunda ilikuwa imekwisha kufa. Nusu ikapona, na watoto wakala, kwa kubana lakini wakala.

Sekiete alikuwa anajinyoosha kitandani pake alipoitwa. Bibi Mkuyu huyo, dirishani, kajing'oa tena kumfuata yeye tu.

"Baragumu la mkeo hukulisikia?"

"Nimelisikia, bibi."

"Na makande ya watu ishirini alikula nani?"

Sekiete akajilamba midomo. "Nilionja tu."

"Basi shika jembe."

Tangu siku hiyo yuko juu anapanda. Kila akimaliza mche, Bibi Mkuyu anaangusha tunda jingine, anamwambia, "Bado mmoja."

Nilipita kule juzi, nikamkuta ameinama. Akanishika mkono. "Nakunda ananiulizia?"

Nikamwambia kweli. "Anauliza kama miche imeshika."

Akaitazama miche, akaniachia mkono, akachimba. Nami hadithi yangu nimeiacha hapo hapo, kando ya shimo lake.