Rufaa ya Bi Mize na Saumu ya Sultani

Palikuwa na Sultani akiitwa Ngwame, mtu wa tasbihi ndefu na subira fupi. Rufaa zote za mji alizisikiliza mwenyewe, na kwa kuwa zilimchosha, akazitungia sharti: aliyehukumiwa kwa neno la shahidi haachiwi mpaka alete shahidi aliyemwona hatendi. Wanazuoni walijua vyema kwamba ushahidi humpasa mdai, na mkanushaji humtosha kiapo; lakini walijua pia wali wao hupikwa jiko gani, wakafunika vitabu.

Sharti hilo likamfika Bi Mize, mjane msusi wa mikeka, asiye na mali ila vidole vyake na ulimi wake. Mbuzi wa Sultani alipotea, na mchungaji wake, Sarahani, akasema alimwona Bi Mize akimswaga. Kadhi akahukumu mkono wa kulia ukatwe. Bi Mize akautazama ule mkono uliomlisha tangu ujane wake, akasema, "Haya, Shekhe. Wewe kata mkono, mimi nakata rufaa. Tuone kipi kitatangulia."

Rufaa ikasikilizwa katika Ramadhani, baada ya sala ya adhuhuri, saa ambayo wafungao hupungukiwa na nguvu na watawala hupungukiwa na huruma.

"Sarahani, ulimwona?" akauliza Sultani.

"Nilimwona, Maulana. Kwa macho yangu haya."

"Bi Mize, una la kumwuliza?"

"Moja tu, Maulana. Mwanangu Sarahani, sisi sote mwezi huu umetukausha. Wewe kitambi hicho umekiokota wapi?"

Watu wakacheka. Sultani akagonga fimbo yake sakafuni.

"Kitambi si ushahidi! Shahidi wako yuko wapi?"

"Maulana, mji mzima haukuniona nikiiba."

"Asiyeona si shahidi. Namtaka aliyekuona huibi, tangu mbuzi alipokuwa zizini hata alipopotea, asipepese jicho."

"Na asipopatikana?"

"Neno la aliyeona litasimama. Ndiyo sheria yangu, haina mkubwa wala mdogo."

Bi Mize akamwomba Mola msamaha kimoyomoyo kwa neno alilokusudia kulinena. Kisha akalinena.

"Basi nami nimeona jambo. Jana mchana, askari waliponipitisha uani, nilimwona Maulana anakula halua."

Baraza zima likameza mate, jambo ambalo, alhamdulillahi, halibatilishi saumu.

"Muongo!" Sultani akaruka kitini. "Nimefunga!"

"Sadakta, Maulana. Namtaka aliyekuona huli, tangu alfajiri hata magharibi, asipepese jicho."

Waziri akajitokeza mbio. "Mimi! Kutwa nzima nilikuwa naye."

"Hata alipoingia kuoga, Bwana Waziri?"

"Audhubillahi! Huko sikuingia."

"Basi hukuona, na asiyeona si shahidi. Au sheria imekwisha kupata mkubwa?"

Waziri akarudi nyuma kwa adabu zote. Sultani akamtazama Kadhi. Kadhi akaitazama dari, kana kwamba mwezi wa Idi utaandamia pale.

"Mwanamke," Sultani akasema, na sauti sasa imeshuka, "saumu ni siri baina ya mja na Mola wake. Mtu wa kuishuhudia nitampata wapi?"

"Sijui, Maulana. Mwenzio natafuta tangu nilipohukumiwa."

Jasho likamtoka Sultani chini ya kilemba. Akajipiga kifua.

"Moyo wangu ndio ujuao! Nao unashuhudia kwamba sikula!"

Bi Mize akainama kwa heshima.

"Nimeukubali ushahidi wa moyo wa Maulana, na neno langu nimelifuta. Sasa waamrishe mabawabu wako wafungue mlango, kwani moyo wangu nao umekuja kushuhudia, wameuzuia nje tangu asubuhi."