Dundu Akitetemeka, Ngoja Aruke

Mmemsikia mama yenu akisema, “Dundu akitetemeka, ngoja aruke,” nanyi mnataka kujua maneno hayo yametoka wapi. Basi, yalianza hivi.

Huko milimani Usambara alikuwako mpasua mbao aitwaye Shekiondo, mtu wa miraba minne, mpole, asiyejua kusema mbele za watu. Alimpenda Hadiya, binti wa Mzee Mbelwa. Siku ya kwenda kuposa, mshenga wake alishikwa na homa njiani, ikabidi Shekiondo amwache kwa jamaa. Akafika peke yake.

Alikaribishwa mkekani, uani. Wazee wakangoja. Akafungua kinywa, neno lisitoke. Mikono ikaanza kutetemeka, kisha mabega, hata kikombe cha kahawa kikamwagika.

“Mwanamume gani huyu?” Mzee Mbelwa akafoka. “Simwozi binti yangu kwa mwoga!” Akainuka aende zake.

Asubuhi ile ilikuwa ya baridi. Dundu mmoja mkubwa kama ngumi ya mtoto alikuwa ameanguka ukingoni mwa mkeka, naye anatetemeka mwili mzima. Mzee akanyanyua mguu amsukume kando.

“Kaka, mwache,” akasema Bi Mashavu, shangazi yake Hadiya. “Huyo haogopi. Mwili wake mzito, na baridi imemshika. Anajipasha moto. Ngoja.”

Wakangoja. Dundu akazidi kutetemeka. Mara akainua magamba kidogo, mabawa yakachomoza ubavuni, akanguruma, akapaa. Alipita karibu na sikio la Mzee Mbelwa hata kofia ikamwanguka. Watu wakacheka, na Mzee naye akacheka, akaketi tena.

“Haya, baba,” Bi Mashavu akamwambia Shekiondo kwa upole, “nasi tunakungoja.”

Shekiondo akavuta pumzi. “Mzee wangu, maneno matamu alikuwa nayo mshenga. Mimi nina haya tu: paa likivuja, nitaliziba. Hadiya akiugua, nitambeba mgongoni hadi apone. Nampenda.”

Mzee Mbelwa akamgeukia dada yake. “Mashavu,” akasema, “mwite mtoto, tumsikie naye.”

Hadiya akaitwa, akakubali.

Miaka mingi baadaye, Mzee Mbelwa alipofariki, mkwewe ndiye aliyesimama kumuaga kwa niaba ya ukoo. Shekiondo akaanza kutetemeka. Hakuna aliyekohoa wala kunong’ona. Kaburini pale watu wote walitulia, wakimwangalia kwa mapenzi, kwa maana kila mmoja alikuwa anajua: dundu akitetemeka, ngoja aruke.