Kombe la Wino wa Ngisi

Nikiita, mniitikie. Paukwa!
— Pakawa!
Kilichopo?
— Kisemwe.
Kilichopita?
— Kikumbukwe.

Hapo kale, kabla babu wa babu zetu hawajapewa majina, Somoe alimwambia mumewe, "Mchele wa leo una mawe, tafuna taratibu." Mumewe akatafuna taratibu. Hilo ndilo neno la mwisho la kawaida lililosemwa katika nyumba ile. Alasiri homa ikamshika Somoe, na kabla ya Ijumaa walikuwa wamemzika.

Mumewe aliitwa Sudi, mwandika makombe. Mgonjwa alipokuja, Sudi aliandika dua kwa zafarani juu ya sahani nyeupe, akaiosha kwa maji ya marashi, na mgonjwa akayanywa maji yale. Wengi walipona. Somoe aliandikiwa, akanywa, hakupona. Alimwacha binti yake, Raya, bado ananyonya.

Raya akakua, akajua kuuliza. Kila jioni, sinia likishaondolewa, aliuliza, "Baba, mama alikuwaje?" Na kila jioni Sudi alimhadithia. Mpaka siku moja akaona uso wa Somoe unafifia, kama nguo iliyofuliwa mno. Akaogopa. Kisha akakasirika: kombe lisilomponya Somoe lina kazi gani? Akachukua kidau chake cha wino, akaenda pwani maji yamekupwa, akaimwaga zafarani yote katika dimbwi la mwambani.

"We bwana," ngisi akasema kutoka dimbwini, "umeniona mimi sina wino wangu?"

"Niwie radhi. Sikujua kama pana mwenyewe."

"Na unaumwaga kwa nini?"

"Nilimwandikia mke wangu, akafa. Sasa hata uso wake unanitoka."

Ngisi akageuka rangi: akawa kijivu, akawa kahawia, akawa mweupe. "Kinga kidau chako," akasema. "Wino huu unatosha sahani tatu. Andika siku moja, osha, unywe, na siku hiyo utaiona kama ilivyokuwa, mpaka midomo ikauke. Lakini mkono ulioandika utasahau."

Sudi aliyasikia yote mawili. La pili hakulitaka.

Akaandika siku ya harusi. Akaosha, akanywa. Somoe akaingia na asumini kichwani, akamwambia, "Sogea, umenikalia kanga." Midomo ikakauka, Somoe hayupo. Jioni Raya akasema, "Baba, nihadithie harusi yenu."

"Harusi gani?" Sudi akauliza.

Akaandika siku ya wimbo wa Somoe wa kutwangia. Akaosha, akanywa. Somoe akaimba, mchi unapanda, mchi unashuka. Midomo ikakauka, kimya. Jioni Raya akasema, "Baba, niimbie ule wimbo wa mama."

"Mama yako alikuwa na wimbo?"

Raya akamshika mkono wa kuandikia. "Baba," akasema, "unammaliza mama."

Sudi akakiinua kidau, akakitikisa.

Wino ukabaki wa sahani moja. Akaandika siku aliyokuwa hajamhadithia mtu yeyote, siku aliyojiwekea mwenyewe. Akaosha, akamimina bakulini, akainua bakuli. Raya amekaa mbele yake, mikono magotini.

"Na hiyo ni ipi, baba?"

"Ni siku uliyozaliwa."

"Mimi nilikuwapo?"

"Ulikuwapo."

"Basi mbona siikumbuki?"

Mkono wa Sudi ukasimama hewani. Miaka yote ya kazi yake alikuwa ameandika ili mwingine anywe. Makombe aliyoyanywa mwenyewe yalikuwa mawili, la harusi na la wimbo, na yote hakujua tena yalikuwa na nini. Hili la tatu bado alilijua. Alilishika kichwani kidogo, kama mtu anayemsindikiza mgeni hadi mlangoni. Kisha akampa Raya bakuli.

"Sema bismillahi, unywe. Usibakishe."

Raya akanywa. Akatazama juu ya bega la baba yake, akamtabasamia mtu. Sudi akageuka. Hapakuwa na mtu.

Asubuhi yake Sudi alikaa barazani, akawa anamsuka Raya nywele. Njia zilikwenda kombo.

"Mama alinibeba mpaka dirishani," Raya akasema. "Akanitazama. Akasema nina masikio yako. Akasema, maskini mtoto wa watu."

Sudi akajishika sikio. "Alisema hivyo?"

"Alisema. Na wewe ulicheka mpaka mkunga akakutoa nje."

Sudi akaweka kitana chini. "Anza tena," akasema. "Tangu dirishani."

Hadithi inatufunza hivi: aliyetutoka, ukimnywa peke yako, utammaliza; mpe mwingine, naye atakurudishia.

Na mimi yangu nimeiandika, nimeiosha, mmeinywa. Kesho mkinikuta nimeisahau, msinicheke. Nihadithieni.