Choo cha Soko la Mtondoo

Ulafi wa tajiri Ngwali haukuchagua. Hata choo cha soko alikinunua, kwenye mnada wa halmashauri aliohudhuria peke yake, akakipiga kufuli. Wachuuzi wakabaki kubana miguu.

Bi Nyamvula, muuza mihogo, akaenda kuupinga mnada mahakamani. Hakimu akaitupa kesi: mama huyo hakuwa mwenye choo wala mnunuzi, hakuwa na haki ya kushtaki.

"Kinakuhusu nini?" Ngwali alimcheka. "Nenda kakaange mihogo!"

Akaenda kukaanga, ila jiko aliliweka mlangoni pa choo.

Ngwali akaja mbio, kitambi mbele. "Toka kwenye mali yangu, au nikushtaki!"

"Nipige, baba, nimwagie hata mafuta," Bi Nyamvula akalia, "lakini mahakamani usinirudishe!"

Ngwali alipouona woga ule, alimshtaki siku hiyohiyo.

Mbele ya hakimu, Bi Nyamvula hakuwa na chozi hata moja. "Mheshimiwa, nilipokuja mwenyewe niliambiwa choo hakinihusu. Leo nimeletwa kwa choo hichohicho. Basi aliyenileta athibitishe ni chake. Mnadani alishindana na nani?"

Hakimu akamgeukia Ngwali. Tajiri akabana miguu, akaomba ruhusa ya kwenda haja.

"Jibu kwanza," hakimu akasema.