Nani Aliyeizaa Ngurumo

Hapo zamani, wala si zamani ya wafalme, ni zamani ya juzijuzi ambayo baadhi yenu mlikuwapo na wengine mlizomea, pale Morogoro, mji kasoro bahari, palikuwa na rapa aitwaye Rehani Kobelo. Nikisema rapa sisemi wale wa kuvaa miwani na kushika kipaza sauti. Nasema rapa. Albamu tatu, na hakuna kinyozi wa mji huo asiyezikariri.

Sasa, wanamuziki wa mji ule wana klabu yao, na klabu ina ukuta. Kila muziki mpya unapozaliwa Morogoro, picha ya mtu mmoja hutundikwa pale. Mmoja tu, si bendi wala kikundi: yule ambaye asingekuwapo, muziki ule usingekuwapo. Aliyetundikwa hashushwi, hata akihama, hata akifa. Wanamuziki wetu hawaombi kingine duniani.

Rehani akatangaza kwamba albamu yake ya nne itakuwa ya roki. Magitaa yanayonguruma, ngoma nzito, na yeye akifoka juu yake kwa Kiswahili chake. Tukamcheka. Tukasema hizo kelele ni za nchi za baridi. Yeye akaandika nyimbo kumi na mbili, akaiita albamu Ngurumo, akatoka kutafuta mpiga gitaa.

Akampata Kostansia Mkude, mpiga gitaa wa kwaya ya parokia kwa miaka kumi na mmoja. Vidole kama vile mji mzima hauna. Lakini kwaya ile ina sharti: mpiga gitaa wake hapigi kwingine. Kostansia akaenda kuomba ruhusa, na mwalimu wa kwaya, kwa upole kabisa, akamwambia achague. Akaifua sare yake, akaipiga pasi, akairudisha. Alilia njia nzima, kanisimulia mwenyewe. Kisha akachukua wimbo ambao bibi yake aliuimba akitwanga mahindi huko Mgeta milimani, na kishindo cha mchi ndani yake, akauhamishia kwenye nyuzi nene za gitaa. Albamu nzima imesimama juu ya mchi ule.

Ila gitaa lilikuwa linatoka safi, usafi wa harusini. Halingurumi hata ulibembeleze.

Wakalipeleka kwa Banzi, fundi spika. Huyu mzee sifa yake ilikuwa moja: spika zake hazikwaruzi. Misikiti, makanisa, wenye kumbi, wote walikwenda kwake. Akafungua amplifaya, akaunganisha nyaya kimakosa, mara ya kwanza katika miaka ishirini, na sauti ikatoka imepasuka. Aibu ikamshika. Akanyoosha mkono azime, halafu akaurudisha. Akamwambia Kostansia apige tena. Akachukua wembe, akaichana karatasi ya ndani ya spika yake bora kuliko zote, mstari wa kwanza, wa pili, wa tatu, na gitaa likanguruma mpaka vioo vya kabati vikatetemeka. Tangu siku hiyo watu wakasema Banzi kazeeka, siku hizi anaharibu. Wateja wakahama.

Wakaipiga albamu ukumbini. Wimbo wa pili watu wakaanza kuzomea na kuinuka. Mimi nilitoka wimbo wa tatu, sifichi. Rehani akabembelezwa aimbe japo moja ya zamani, akakataa. Akaimba zote kumi na mbili mbele ya viti vitupu, na hakuruka hata mstari.

Halafu albamu ikarekodiwa, na madereva wa malori ya miwa wakaanza kuipiga. Wakafuata wanafunzi wa vyuo. Ikafika Mwanza, ikafika Mombasa, na kila ilipofika watu waliuliza ngurumo hii inatoka wapi. Morogoro! Jamani, tulivyotembea vifua mbele. Hata sisi tuliotoka ukumbini tulisema tulikuwapo, na kweli tulikuwapo, nyimbo mbili.

Siku ya klabu kutundika picha ikafika. Mpiga picha akaweka kiti kimoja, na watatu wale wakaitwa.

Rehani akasema, "Wazo ni langu, maneno ni yangu, na vile viti vitupu vilikuwa vyangu. Nisingewagongea mlango, hawa wangekuwa wanaendelea na kazi zao. Sitajifanya sijui nilichofanya."

Kostansia akasema, "Kaka Rehani, ulikuja na maneno. Maneno yako bila mchi wa bibi yangu ni albamu ya nne ya rap, na tatu tulikuwa nazo. Halafu mashabiki wako wamerudi, na fundi wateja wake wamerudi. Sare yangu haijarudi."

Banzi akakohoa. "Binti yangu, wimbo wa bibi yako umeimbwa Mgeta miaka na miaka, na haukuwahi kuwa roki. Rehani, wewe uliiota ngurumo, lakini hukujua inatokea wapi. Niliipata kwa kukosea, nakubali. Kila fundi hukosea, akarekebisha. Mimi sikurekebisha."

Msidhani waligombana. Kila mmoja alipomaliza, wawili wenzake walimpigia makofi, na Rehani machozi yalikuwa yanamtoka. Kiongozi wa klabu akaona huruma, akasema basi leo tuvunje desturi, wakae wote watatu. Wote watatu wakakataa. Kostansia akasema wakipigwa picha pamoja, haitakuwa tena picha ya ukuta ule, na yeye hakuiacha kwaya kwa ajili ya picha ya kawaida.

Viongozi wakajifungia, wakabishana hadi wakachoka, wakatoka wakatutazama sisi tuliokuwa tumezomea. Wakasema, amueni nyie.

Basi nimewaletea. Mpiga picha amesimama, kiti kipo wazi, na mtu asiniambie "wote," maana wenyewe wamekataa. Aliyeiota ngurumo, aliyeipa wimbo, aliyeipa sauti: je, nani alistahili kukaa?